Jiwe linalohifadhi wakati litumikeje mikononi mwa mchoraji?

Msomaji mmoja ameniandikia hivi: "Mwalimu, shikamoo. Ninaandika riwaya ambayo mhusika wake mkuu ni mchoraji. Anachimba jiwe linalohifadhi wakati, analisaga, analichanganya na mafuta ya kitani, kisha anachora nalo. Anayeutazama mchoro anaziona siku ambazo jiwe lilizihifadhi, na anaweza kurudi kuziona kila apendapo. Mhariri wangu anasema jiwe hili ni muujiza mtupu, halina kanuni. Je, yapo madini yanayohifadhi wakati kweli? Yakisagwa yanabaki nao? Ningependa pia mghushi mmoja aingie kwenye hadithi, ila sijui angeghushi nini. Na jiwe likishatumika, linaweza kujazwa tena?"

Marahaba. Yapo, tena mengi, na kuyapima umri ndiyo kazi yangu. Lakini mhariri wako naye ana hoja, maana jiwe ulilolieleza linatoa siku zake bila kupungukiwa, na sijui madini yoyote yenye tabia hiyo. Nitakueleza jinsi madini ya kweli yanavyoushika wakati, nawe utaona mwenyewe pa kulibana jiwe lako.

Yako makundi mawili makubwa, na riwaya yako inahitaji moja tu. La kwanza ni madini yanayobeba urani ndani yake. Mfano mzuri ni zirkoni, fuwele ndogo ngumu inayozaliwa kwenye mwamba ulioyeyuka. Inapoganda, huzipokea atomu za urani lakini huikataa metali ya risasi. Baadaye urani hiyo huoza polepole na mwisho wake huwa risasi. Nusu ya urani-238 huhitaji takriban miaka bilioni 4.47 kugeuka. Kwa hiyo risasi unayoikuta ndani ya zirkoni nzuri imezaliwa humo humo, na ukipima uwiano wake na urani iliyobaki, unapata umri. Zirkoni moja kutoka Jack Hills, Australia, imepimwa hivyo na kukutwa na takriban miaka bilioni 4.4. Haya ni madini ninayoyaheshimu sana, ila hayamfai mchoraji wako. Hayasikii mwanga, hayajali mchi wala brashi, na mkono wa msanii hauna pa kuyagusa. Chukua kwao jambo moja tu: mnururisho ule ule (mionzi ya urani inayooza) unaoihesabu miaka huuvunja mpangilio wa fuwele, hata zirkoni yenye urani nyingi ikazeeka, ikavimba na kupoteza umbo lake la ndani. Jiwe linaumizwa na wakati linaoubeba. Hilo linaweza kukufaa.

Kundi la pili ndilo lako. Humo mna kwatsi, ambayo ndiyo sehemu kubwa ya mchanga wa kawaida, na feldispa, jamaa yake wa karibu kwenye miamba. Hakuna fuwele iliyokamilika: pengine pana atomu iliyokosekana, pengine pana ya kigeni iliyojipenyeza. Udongo unaoizunguka chembe ya kwatsi una urani, thori na potasiamu kidogo, na kutoka juu chembe hiyo inanyeshewa mionzi ya anga za mbali. Mionzi hiyo huzing'oa elektroni mahali pake. Nyingi hurudi papo hapo, lakini chache hunaswa kwenye zile kasoro na kubaki humo. Chembe ikikaa gizani, zilizonaswa huzidi kuongezeka mwaka hadi mwaka. Ni kama pipa lililowekwa chini ya bomba linalodondosha: ukijua kasi ya matone na wingi wa maji, unajua pipa limekuwapo hapo tangu lini.

Kisha uimulike au uipashe moto chembe hiyo. Elektroni huachiwa, na zinaporudi zinakopaswa kuwa hutoa mwanga hafifu sana. Wingi wa mwanga huo ndio unaotupa umri.

Watu wameuona mwanga huu tangu zamani. Robert Boyle aliripoti mwaka 1663 kwamba almasi fulani iliwaka kidogo gizani alipoipasha joto kwa mwili wake. Wazo la kuutumia kupima umri lilichapishwa mwaka 1953, miaka ya 1960 mbinu ikakomazwa kwa vyombo vya udongo, hasa Oxford, na mwaka 1985 ikaonyeshwa kwamba mwanga unaweza kufanya kazi ya moto, hivyo hata mchanga ambao haujawahi kuungua ukaweza kupimwa. Kinachokuhusu wewe kiko katika kitendo chenyewe cha kupima. Kuusoma wakati uliomo ni kuutoa. Elektroni iliyoachiwa haipo tena kwenye mtego wake. Tukiisoma chembe ile ile mara ya pili, hatupati kitu.

Nikueleze kazi inavyofanyika, kwa sababu naona ndani yake chumba cha kazi cha mchoraji wako. Tuseme imeletwa sanamu ya udongo wa kuchomwa, na mwenye nayo anataka kujua kama ni ya kale au imetengenezwa juzi. Tunazima taa zote na kubakiza taa nyekundu iliyofifia, maana mwanga mwekundu hauisumbui sana kwatsi. Tunaigeuza sanamu, tunatafuta sehemu ya chini isiyoonekana, na kuukwangua uso wake kiasi cha milimita mbili hivi. Unga huo wa juu tunautupa, kwa kuwa umeshapigwa na mwanga. Kisha tunatoboa kwa keekee ndogo inayozunguka taratibu, ili msuguano usiipashe joto sampuli, na kukusanya unga usiojaa hata kijiko cha chai. Unga huo unatandazwa kwenye kisahani cha chuma na kupashwa moto hadi nyuzi 500 za Selsiasi, ndani ya gesi ya nitrojeni, huku kifaa chenye uwezo wa kuhisi mwanga kidogo mno kikihesabu. Mstari unapanda kwenye skrini, unafanya kilima, unashuka. Tunaacha kipoe, tunakipasha tena kisahani kile kile kwa joto lile lile, na safari hii kilima hakipo. Kinachoonekana ni wekundu wa kawaida wa kitu chenye moto. Miaka yote ya sanamu ile, kwa unga ule, imekwisha kutumika.

Kwa hiyo ushauri wangu wa kwanza, nao ndio mzito kuliko yote: ondoa ile sentensi ya "kila apendapo". Mchoro wako utazamwe mara moja. Tena kwatsi ikimulikwa, mwanga wake haushuki kwa usawa. Sekunde ya kwanza ndiyo yenye nguvu zaidi, inayofuata ina kidogo, na baada ya muda mfupi pamebaki masazo. Mtazamaji wa kwanza atapata karibu kila kitu, na anayesimama nyuma yake atapata mabaki. Hapo umepata migogoro bila kuibuni: nani atangulie? Mnunuzi aliyelipa? Mama ambaye jiwe lilichimbwa kwenye uwanja wake? Mchoraji mwenyewe, ambaye hajui amechora nini mpaka autazame?

Na kweli hajui. Hapa ndipo naipenda riwaya yako kuliko unavyodhani. Ili asiupoteze wakati uliomo kwenye jiwe, itambidi asage, achekeche, achanganye na kuchora chini ya taa nyekundu. Kwenye mwanga mwekundu mtupu, rangi nyekundu na nyeupe hazitofautiani, na bluu na kijani zote zinakuwa nyeusi. Mchoraji wako anachora bila kuziona rangi zake. Lazima azijue kwa mahali alipoziweka mezani, kwa harufu, kwa uzito wa unga kwenye kisu, kwa jinsi kila moja inavyovutana na mafuta. Ningekaa na jambo hilo sura nzima. Msanii aliyezoea kusahihisha kwa jicho sasa anasahihisha kwa kumbukumbu, na hawezi kuijua kazi yake ila kwa kuiharibu.

Mafuta ya kitani nayo yatamsumbua. Mafuta haya hukauka kwa kupokea oksijeni ya hewani, kwa hiyo gizani yatakauka, ila polepole zaidi. Lakini mchoro wa mafuta ukifungiwa gizani kwa muda mrefu hugeuka manjano. Wanaohifadhi michoro wanalijua hili vizuri, na tiba yake huwa ni kuurudisha kwenye mwanga. Tazama anavyobanwa: mwanga unaosafisha mafuta ndio unaolimaliza jiwe. Akiuficha mchoro miaka mingi ili kulinda siku zilizomo, mtazamaji atakapofunua kitambaa ataziona siku hizo kupitia umanjano. Hiyo ni kemia ya kweli, hukuhitaji kubuni chochote.

Umeuliza kuhusu kusaga. Kuvunja chembe peke yake hakuzitoi elektroni zote, mradi kazi ifanyike gizani na bila joto. Sisi wenyewe tunavunja na kuchekecha mawe kabla ya kuyapima. Lakini kusaga kwa nguvu huleta jambo jingine: nyuso mpya za chembe zilizopondwa zinaweza kutoa mwanga ambao hautokani na miaka yoyote, na ndiyo sababu mojawapo ya kutumia nitrojeni ninapopasha sampuli, kwani hupunguza mwanga huo wa uongo. Kwenye riwaya yako, mwanagenzi mwenye papara anayesaga kwa hasira angeweza kuingiza kwenye rangi siku ambazo hazikuwahi kuwapo. Wachoraji wa kale tayari waliishi na kanuni inayofanana na hiyo. Azuriti, jiwe la bluu lenye shaba, likisagwa likawa laini mno hupauka, bluu yake inakuwa ya kijivujivu. Chembe kubwa kidogo ndizo zenye rangi iliyoiva, ingawa ni ngumu kuzitandaza kwa brashi. Mwekee jiwe lako sharti hilo hilo. Ukilisaga laini linatandazika vizuri lakini linashika wakati kidogo. Ukiliacha na chembe kubwa linashika mwingi, lakini mchoro unakwaruza.

Halafu kuna usafi wa chembe. Maabara nyingi sasa hupima chembe moja moja za mchanga, mamia kwa maelfu, kwa miale myembamba ya leza. Mara nyingi chembe za konzi moja hazikubaliani. Moja iliwahi kuota jua kabla ya kufukiwa, nyingine ilizikwa haraka ikiwa bado na elektroni za zamani, ya tatu ilichimbuliwa na wadudu na kurudishwa chini. Mchoraji asiyechagua mawe yake angechora uso mmoja wenye siku za watu mbalimbali zilizoingiliana. Sijui kama unaitaka hali hiyo, lakini ningemfanya aiogope.

Pipa nalo lina ukingo. Mitego ikishajaa, kwatsi haiongezi kitu; kwa udongo wa kawaida, ishara ya mwanga ninayoizungumzia hufikia kikomo hicho baada ya makumi ya maelfu ya miaka, pengine laki moja na zaidi pale mionzi ilipo haba. Baada ya hapo jiwe la miaka laki tatu na la miaka milioni tano yanatoa mwanga sawa. Feldispa inaweza kwenda mbali zaidi, lakini ina ugonjwa wake: huvuja. Hata ikiwa gizani na kwenye baridi, baadhi ya elektroni hutoroka, na umri unaosomeka huwa mdogo kuliko wa kweli usiposahihishwa. Kama unataka aina mbili za jiwe kwenye riwaya, hizi zinakutosha: moja aminifu lenye uwezo mdogo, jingine lenye tumbo kubwa linalosahau.

Mfinyanzi je? Ukiwa na mhusika mfinyanzi, kwake moto ni mwanzo. Tanuri linapopita nyuzi 500 hivi, mitego tunayoipima huachia kila ilichoshika, na chombo kinatoka tanurini kikiwa tupu, tayari kuanza kuhesabu. Ndiyo maana vyombo vya udongo vinapimika: tunachokisoma ni muda tangu moto wa mwisho. Kwa hiyo mchoraji wako anatumia wakati uliokwisha kuhifadhiwa, na mfinyanzi anatengeneza chombo cha kuhifadhi wakati wa wale watakaokuja. Wawili hao wakiishi nyumba moja, hawawezi kuelewana kirahisi.

Sasa mghushi. Anaweza kuchukua sanamu ya jana na kuipiga mionzi mikali, elektroni zikajaa kwa muda mfupi kana kwamba karne zimepita. Hila hiyo inajulikana na wapimaji, nao wana njia za kuitilia shaka, lakini inawezekana. Kuna na ghushi isiyokusudiwa: makumbusho yanayopiga sanamu picha za eksrei kabla ya kuipima huiongezea dozi ya mionzi, na umri wake ukaonekana mkubwa kuliko ulivyo. Kwa mchoro wa mafuta, kesi ya kweli ya kujifunza ni ya Han van Meegeren, mchoraji wa Uholanzi aliyeghushi kazi za Vermeer, mchoraji mashuhuri wa kale wa nchi hiyo. Mchoro wake wa Karamu ya Emau ulinunuliwa mwishoni mwa miaka ya 1930 kwa ajili ya makumbusho ya Boijmans huko Rotterdam kama kazi halisi ya karne ya 17. Alitumia turubai la zamani, rangi za aina zilizotumika enzi hizo, na utomvu wa kisasa uliogandishwa kwa joto ili rangi iwe ngumu kama ya miaka mia tatu. Alikamatwa mwaka 1945 kwa tuhuma za kuuza hazina ya taifa, akajitetea kwa kukiri kwamba michoro ile ni yake.

Kilichonigusa zaidi kilikuja baada ya kifo chake. Mwaka 1968 yalichapishwa matokeo ya kupima rangi nyeupe ya risasi kwenye michoro hiyo. Madini ya risasi yanapoyeyushwa, sehemu kubwa ya radi (radiamu, elementi yenye mnururisho) hubaki kwenye takataka, ila risasi-210, aina ya risasi yenye mnururisho ambayo huzaliwa na radi hiyo, hupita pamoja na risasi ya kawaida. Ikiwa imetengwa na mzazi wake, risasi-210 hupungua kwa nusu kila miaka 22 hivi. Kwenye rangi ya miaka mia tatu inakuwa imeshuka hadi kulingana na radi kidogo iliyosalia. Kwenye ile Karamu ya Emau ilikuwa nyingi kupita kiasi. Rangi ilikuwa changa. Mghushi alikuwa amejaza mchoro wake rangi inayohifadhi wakati, akaipaka kwa mkono wake mwenyewe, bila kujua. Nadhani hapa pana nafasi nzuri ya mghushi wako: aandae kila kitu anachokijua, ashindwe na kile ambacho rangi nyeupe ya kawaida inakibeba.

Kuhusu sura ya jiwe, usilifanye liwake lenyewe usiku kucha. Mawe yanayofanya hivyo yapo, lakini yanashika mwanga wa saa chache tu. Mwanzoni mwa karne ya 17 fundi viatu mmoja wa Bologna, Vincenzo Casciarolo, alichoma jiwe la bariti pamoja na makaa akapata kitu kilichowaka gizani baada ya kuoneshwa jua. Rangi za leo za kung'aa gizani zinafuata njia hiyo kwa kemikali bora zaidi. Ni kitu kizuri kukitazama, ila kumbukumbu yake ni fupi. Ukitaka jiwe lionyeshe kwa rangi yake kwamba limejaa, iga kwatsi ya moshi. Weusi wake wa kahawia hutokana na mionzi ya asili iliyoipiga kwatsi yenye alumini kidogo ndani yake, na ukiipasha moto wa nyuzi mia tatu au nne weusi huo hutoweka, jiwe likabaki jeupe kama kioo. Mchimbaji wako angeweza kulinyanyua jiwe, akakadiria kwa weusi wake lina miaka mingi kiasi gani, na mnunuzi aliyedanganywa angelijua kwa weupe wake.

Limebaki swali la kujaza tena. Ndiyo, hujaa. Lirudishe gizani, kwenye udongo, na litaanza upya. Tena kwatsi iliyowahi kupashwa moto au kumulikwa na kujazwa mara kwa mara, aghalabu huwa nyepesi zaidi kutoa mwanga, kwa hiyo jiwe lililotumika linaweza kung'aa kuliko lile bichi kwa kiasi kile kile cha wakati. Kikwazo ni kasi. Kwenye udongo wa kawaida, maisha ya mtu mmoja huacha alama ndogo sana, kwa hiyo ama jiwe lako liwe na hisia kali kuliko kwatsi, ama mchoraji alizike mahali penye urani na thori nyingi ili lijae haraka. Ukichagua njia ya pili, kumbuka mambo mawili. Jiwe lililojazwa haraka halitakuwa na miaka mingi ndani yake, litakuwa na dozi kubwa tu, na mpimaji asiyejua lilikozikwa atalisoma vibaya. Na yule atakayekwenda kuligeuza na kulilinda pale chini atakuwa anapokea mionzi ile ile mwilini mwake, miaka yote atakayokuwa akilingoja.